Muulizeni Atakayewazindika Atasimama Wapi

Wajukuu zangu, niliwasikia mkicheka. Simu ilikuwa ikipita mkono kwa mkono, na ndani yake vijana wa Liberia wanafyatua risasi barabarani wamevaa mawigi ya kike; mmoja ana gauni la bibi harusi, mwingine hana hata nguo. Mkasema wale wamerogwa. Mmoja wenu akasema kilichowaua ni ujinga. Sikuwakatiza, kwa sababu nilichotaka kusema ni kirefu na nilitaka mkisikie chote mkiwa mmetulia.

Tazameni tena nyuso zile. Wamo ambao hawajaota ndevu. Vita vya Liberia vilianza mkesha wa Krismasi mwaka 1989, waasi wa Charles Taylor walipovuka mpaka kutoka Côte d'Ivoire na kuingia Nimba. Tarehe 23 Machi 1991 moto ukavuka hadi Sierra Leone, kundi la waasi la RUF la Foday Sankoh lilipoingia Bomaru, kijiji cha mpakani katika wilaya ya Kailahun. Sierra Leone ilitangaza mwisho wa vita vyake Januari 2002. Liberia ilisubiri mpaka mkataba wa Accra wa Agosti 2003. Taylor alikuwa na kikosi kilichoitwa cha Wavulana Wadogo, na RUF nao wakawa na chao kwa jina hilohilo. Bunduki zilipokusanywa, karibu watoto 7,000 walipokelewa Sierra Leone na kama 11,000 Liberia. Hao ni wale waliofika kwenye vituo wakaandikwa majina. Waliokufa porini hawakuandikwa na mtu.

Wala msidhani ni habari za mbali. Mwaka 1994 nchi yetu ya Tanzania ilipeleka askari wa JWTZ Liberia kuungana na ECOMOG, majeshi ya nchi za Afrika Magharibi, na Waganda wakaenda. Jenerali wa Kenya, Daniel Opande, aliongoza majeshi ya Umoja wa Mataifa huko Sierra Leone kuanzia mwishoni mwa mwaka 2000, kisha akaongoza yale ya Liberia mwaka 2003. Watu wazima wa kwetu, walioacha watoto nyumbani, walikwenda kusimama mbele ya bunduki zilizoshikwa na watoto wa umri wa darasa la nne.

Lakini kabla ya bunduki kulikuwa na msitu, na msipouelewa msitu hamtaelewa lolote katika picha zile.

Kwa Wamende na Watemne wa Sierra Leone, kwa Wakpelle, Waloma, Wagola na Wavai wa Liberia, mvulana hawi mtu mzima mpaka aingie Poro. Huchukuliwa nyumbani akapelekwa msituni, na kijijini husemwa kwamba mzimu mkubwa umemmeza. Akina mama hulia, na hakuna anayekiona kilio hicho kuwa mchezo, ingawa kila mmoja anajua mwanawe ataletwa. Huko ndani mvulana hupigwa chale mgongoni, na alama zile husemwa ni za meno ya mzimu uliommeza kisha ukamtapika. Hufundishwa kazi, miti ya dawa, sheria za wazee, na zaidi ya yote hufundishwa kutunza siri. Akitoka ana jina jipya. Wasichana wana chama chao, Sande, ambacho wengine hukiita Bondo, na huko wanawake wenyewe ndio huvaa kinyago cheusi cha mzimu na kucheza nacho, jambo ambalo ni adimu katika Afrika nzima. Kisu cha ukeketaji kilichomo ndani ya Sande sikitetei, na sitaki mtu anisikie nikiisifu desturi akadhani nimekisahau. Nasema tu kwamba chama hicho ndicho kilichomfanya msichana awe mtu mbele ya watu.

Sisi tuliotolewa jandoni huku Kusini tunalitambua jambo hili bila kuelezwa sana. Tulitishwa. Tulilala chini, tukanyimwa maji, tukafundishwa nyimbo ambazo hatukuthubutu kuziimba mbele ya mama zetu. Lakini anayekutisha kumbini ni mjomba wako. Ngariba anamfahamu baba yako. Hofu ile imepimwa; ina siku ya kuingia na siku ya kutoka, na siku ya kutoka mama yako anakusubiri na nguo mpya, ngoma na chakula. Wazee hawakumtisha mtoto ili wamvunje. Walimtisha ili aone kwamba amevuka na bado yu hai, na kwamba waliomvusha ni watu wake.

Sasa tazameni walichofanya RUF. Msomi Paul Richards, aliyeishi muda mrefu miongoni mwa Wamende, aliandika mapema, vita vikiwa bado vinaendelea, kwamba kutekwa kwa watoto kulifuata nyayo za Poro. Nimelifikiri neno lake kwa miaka mingi na naona alisema kweli. Mtoto alitolewa nyumbani kwa nguvu akapelekwa msituni. Wapo waliochorwa kwa wembe herufi za RUF kifuani, mahali pa chale za wazee. Alipewa jina jipya la kivita. Alipewa mkuu wa kumwita baba. Kila alichokijua mtoto wa Kimende au wa Kikissi kuhusu namna mtu anavyobadilika kuwa mtu mwingine, wakakichukua na kukigeuza kiwafae wao. Kisha, ili asirudi, wengine walilazimishwa kumuua jirani au ndugu mbele ya kijiji kizima. Poro ni kumbi lenye mlango wa kuingilia na mlango wa kutokea. RUF walijenga kumbi la mlango mmoja.

Ndiyo maana nakataa neno ujinga. Mtoto yule hakuwa mjinga. Alikuwa amefundishwa na wazazi wake, kwa nia njema, kwamba msituni kuna nguvu, kwamba atakayekuchukua huko atakurudisha ukiwa mkubwa zaidi, na kwamba maumivu ya wembe yana maana. Alipotekwa alitafuta maana aliyofundishwa, na mtu mwenye bunduki alikuwepo kumpa.

Na imani haikufanya kazi peke yake. Waliwapa watoto bangi na kokeini, hata kokeini iliyochanganywa na baruti. Kulikuwa na njaa. Mwenye bunduki alikula na asiye nayo akalala bila kitu. Kulikuwa na watoto ambao wazazi wao walikuwa wameuawa, na kamanda ndiye mtu mzima pekee aliyejua kwamba mtoto huyo yupo duniani. Mkiyaona mawigi na magauni mkasema ni uchawi tu, mtakuwa mmewasamehe wale waliogawa bunduki, unga na wembe.

Kuhusu magauni yale. Waliochunguza vita vya Liberia, kama Stephen Ellis, wameeleza kwamba katika baadhi ya desturi za huko mtu aliye katikati, aliyeacha utoto lakini hajapokelewa utu uzima, huweza kuvaa vya jinsia nyingine, kwa kuwa bado hana mahali pake. Wapiganaji wakashikilia kwamba aliyevaa hivyo risasi humpotea. Wengine walivaa tu walichopora dukani, wakaona kinatisha, wakakiacha mwilini. Joshua Blahyi, kamanda aliyekuwa akipigana uchi pamoja na vijana wake akiamini hivyo ndivyo anavyokingwa, anasimulia kwamba alifanywa kuhani wa mizimu ya watu wake angali mtoto. Mwaka 2008 alisimama mbele ya Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Liberia akasema kwamba yeye na watu wake wanawajibika kwa vifo vya watu wapatao 20,000. Hesabu hiyo ni yake mwenyewe. Ninachowaonyesha ni kwamba hata huyu, ambaye sitamwombea udhuru, kwa maelezo yake aliwekewa mikono ya watu wazima kabla hajajua kukataa.

Msije mkasema pia kwamba ni mambo ya wapagani. Wengi wa watoto wale walizaliwa katika nyumba za Waislamu na Wakristo. Walimu wa dini wa huko waliwaandikia wapiganaji hirizi zenye aya, na wengine wakanywa maji yaliyooshea maandishi, kama kombe linavyonywewa katika pwani yetu. Mwenye msalaba shingoni aliweza kuwa na chale mkononi. Tunajua hivyo, kwa sababu na kwetu ndivyo ilivyo, hata kama hatusemi.

Nakuja kwa Wakamajo, na hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hawa walianza vizuri na ndio walionifundisha zaidi.

Katika nchi ya Wamende, kamajo ni mwindaji aliyekubaliwa, mtu wa msituni mwenye dawa na bunduki ya kienyeji, anayelinda kijiji dhidi ya mnyama mkali. Vita vilipofika, vijiji viliona kwamba jeshi la serikali haliwalindi; kuna askari waliokuwa wakiiba usiku pamoja na waasi haohao. Machifu wakawaita wawindaji. Walichagua watu wazima wanaojulikana, kila mmoja kutoka eneo lake, wakawapa dawa. Mtu aliogeshwa, akachanjwa, akavishwa ronko, ile fulana ya kitambaa kilichofumwa kwa mkono, iliyoshonewa hirizi, simbi na vioo. Akaambiwa risasi itakuwa maji. Na papo hapo akapewa miiko. Usimguse mwanamke unapokwenda vitani. Usiibe. Usiue asiye na silaha. Usile kitu fulani na fulani.

Mzee kama mimi huisikiliza miiko kwanza na ahadi baadaye. Ahadi ya risasi kuwa maji haikuwa ya kweli, na sitawadanganya kwa kuwaheshimu waliosema hivyo. Mwiko ulikuwa wa kweli. Mtu anayeamini kwamba akiiba kuku wa mjane risasi itamwingia, hataiba kuku wa mjane. Anayeamini kwamba akimbaka msichana dawa itamtoka, atamwacha msichana apite. Mwiko ulifanya kazi ambayo sheria za vita zilizoandikwa Geneva hazikuweza kuifanya katika msitu ule, kwa sababu mlinzi wake alikuwa ndani ya kifua cha mpiganaji. Ndiyo maana watu wa Bo na Kenema waliwapokea wawindaji wale mwanzoni kwa nyimbo.

Kisha vita vikawataka wawe wengi. Baada ya uchaguzi wa mwaka 1996 Samuel Hinga Norman akawa naibu waziri wa ulinzi na mkuu wao, na baada ya mapinduzi ya Mei 1997 wakawa jeshi kubwa, maelfu kwa maelfu. Kambi yao ikawa Talia, kusini, wakaiita Base Zero. Allieu Kondewa akatawazwa kuhani mkuu wa kuwaogesha watu. Dawa ikawa na bei. Aliyelipa aliogeshwa, hata kama hakuna mzee aliyemjua wala kijiji kilichomtuma. Wakapelekwa kupigana mbali na kwao, mahali ambapo mwanamke anayepita si shangazi wa mtu yeyote kikosini. Miiko ikalegea, kwa sababu mwiko unahitaji mtu wa kukutazama usoni jioni. Na watoto wakaanza kuogeshwa.

Mahakama Maalumu ya Sierra Leone ilisikiliza habari za waliouawa na Wakamajo huko Koribondo, Bo na Tongo, wakidaiwa kuwa washirika wa waasi. Norman alifariki Februari 2007 kabla ya hukumu. Kondewa na mwenzake Moinina Fofana walipatikana na hatia mwaka huohuo. Ndani ya hukumu ya Kondewa kulikuwa na jambo ambalo nawaombeni mlikumbuke: mvulana wa miaka 11 aliogeshwa dawa pamoja na wavulana wengine, akaahidiwa nguvu za kupigana. Majaji walilazimika kuamua kama kumwogesha mtoto ni kumwandikisha jeshini. Wa kwanza walisema ndiyo, wakamtia hatiani. Rufani ya mwaka 2008 ikamwondolea kosa hilo kwa sababu mtoto yule alikuwa ameshatekwa na kutumikishwa kubeba mizigo ya Wakamajo kabla hajaogeshwa, hivyo uandikishaji ulitangulia. Mimi si mwanasheria. Ila kwa macho ya mzee, dawa aliyopakwa mtoto yule ilikuwa barua ya kumpeleka mbele, na aliyeipaka alijua.

Sasa sikilizeni mtego ulivyofungwa, kwa maana mtakutana nao katika sura nyingine.

Mpiganaji aliyezindikwa akipigwa risasi akafa, watu husema nini? Husema alivunja mwiko. Aligusa mwanamke. Alikula kile alichokatazwa. Dawa haina kosa kamwe, na mganga hana kosa kamwe. Kosa ni la maiti, na maiti haiwezi kujitetea. Mtu mzima anaweza kubeba fikra hiyo. Mtoto wa miaka 10 hawezi. Yeye humwona rafiki yake ameanguka, akakaa usiku kucha akihesabu makosa yake mwenyewe: labda nilimgusa yule mama aliyenipa maji, labda nilikula ndizi. Asubuhi huomba aogeshwe tena. Naona hapa ndipo walipowaumiza watoto kuliko mahali pengine pote. Waliwachukulia maisha, kisha wakawafanya waamini kwamba kifo chao kitakuwa kosa lao.

Na makamanda waliwapenda watoto kwa sababu hiyohiyo. Mtoto hakisii kifo. Anatii upesi. Anakula kidogo. Anamwamini mkubwa. Katika mashariki ya Kongo, kwa jirani zetu wanaosema Kiswahili hikihiki, makundi ya Mai-Mai yamewapa watoto hata kazi ya kutayarisha maji ya dawa na kuwanyunyizia wapiganaji, kwa kuwa wanahesabiwa kuwa safi, hawajamjua mwanamke wala mwanamume. Usafi wa mtoto, ambao kila kabila humwekea ulinzi, unageuzwa kuwa sababu ya kumpeleka vitani.

Mtaniambia, Babu, hata sisi tulikunywa maji. Ni kweli, wala sitaificha. Mwaka 1905 watu wa Matumbi na Kilwa walikunywa maji ya Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, wakaamini risasi za Mjerumani zitageuka maji, na wakafa. Njaa iliyofuata iliua wengi kuliko bunduki. Nimeishi na habari hiyo tangu utoto, nami siwezi kumdharau Kinjikitile na siwezi kusema alikuwa sahihi. Lakini angalieni aliposimama. Wajerumani walimnyonga Mohoro tarehe 4 Agosti 1905, vita vikiwa ndiyo kwanza vimeanza. Huko Songea, Februari 1906, wakubwa wa Wangoni waliopokea maji yale walinyongwa pamoja na watu wao. Waliogawa maji walikunywa maji, na shingo zao zilikuwa kwenye kamba ileile. Walikuwa watu wazima wanaokataa kulimishwa pamba kwa viboko. Hawakumtuma mtoto wa miaka 10 atangulie huku wao wamekaa.

Sankoh hakutangulia. Taylor hakutangulia, alisubiri Gbarnga, kisha akakaa Ikulu ya Monrovia, na mwisho Mahakama Maalumu ikamtia hatiani Aprili 2012, kisha ikamfunga miaka 50, kosa mojawapo likiwa kutumia watoto wa chini ya miaka 15.

Kwa hiyo, wajukuu zangu, akija mtu kuwazindika, msianze kwa kubishana naye kama dawa yake ni ya kweli. Mtashindwa, kwa sababu ana majibu mengi kuliko mliyonayo. Muulizeni atasimama wapi siku ile. Muulizeni mwanawe wa kumzaa yuko katika safu ipi. Muulizeni nani ataitoa dawa hiyo mwilini mwenu vita vikiisha, na mlango wa kutokea uko upande gani, na mama yenu ataarifiwa na nani. Muulizeni pia amewapa mwiko gani unaomlinda mtu mwingine dhidi yenu. Akiwapa ujasiri usio na mwiko, ondokeni hata kama usiku ni mkubwa. Na mtu huyo si lazima aje na tunguri. Anaweza kuja na kitabu kitakatifu, akawaahidi pepo. Anaweza kuja na bendera ya chama wakati wa uchaguzi, na pombe, na elfu kumi ya nauli. Anaweza kuwa ndani ya simu. Vijana kutoka Pwani ya Kenya na kwetu wamevushwa hadi Somalia na Msumbiji kwa ahadi za namna hiyo, na waliowahubiria wengi bado wako nyumbani kwao wanalala vitandani.

Nina neno pia kwa wazee wenzangu, nanyi mlisikie. Tuliliacha jando likawa sherehe ya kadi na muziki, au tukalipeleka hospitali kwa dakika ishirini, jambo ambalo kwa afya ni jema. Lakini kile kikao cha kumwambia kijana kwamba sasa umevuka, na haya ndiyo yanayokukataza, wengi wetu hatukukiweka mahali pengine popote. Kijana ana kiu ya kuvushwa. Tukimnyima, atavushwa na mgeni.

Sasa kuhusu watoto wale kurudi nyumbani. Hili huwa halionyeshwi kwenye picha.

Vita vilipokwisha Sierra Leone, wageni wengi walidhani watoto wale wataponywa kwa kusimulia. Tume ya Ukweli na Maridhiano chini ya Askofu Joseph Humper ilikusanya ushahidi, na ilifaa, kwa sababu nchi inahitaji kumbukumbu iliyoandikwa. Lakini mtafiti Rosalind Shaw, aliyeishi na Watemne wa kaskazini, aliona kwamba familia nyingi zilifanya kingine. Zilitaka moyo wa mtoto upoe. Wazazi na wazee waliomba, wakasomea maji, mtoto akanywa na kupakwa mwilini. Waliwaambia mizimu na Mwenyezi Mungu kwamba huyu ni wetu, amerudi. Kisha hawakutaka aulizwe. Moyo uliopoa, kwa maoni yao, ulionekana katika namna mtoto anavyosalimia, anavyokwenda shamba, anavyokaa na wenzake bila ugomvi. Maji yaleyale yaliyotumika kumtia vitani, sasa mikononi mwa mama na baba, yalimtoa.

Nilipolisoma hilo niliacha kusoma nikakaa kimya, kwa maana ndilo nililokuwa nikilitafuta. Nguvu ya desturi ilikuwa bado ipo. Iliibwa tu, na wenyewe wakaichukua tena.

Mwaka 2008, huko Bomaru, kijiji kile kilichopigwa kwanza, watu wa Fambul Tok, shirika alilolianzisha John Caulker, waliwasha moto usiku wakaketi waliotenda na waliotendwa, wakasema, wakaomba msamaha, kesho yake wakatambika kwa wahenga. Si wote waliosamehe, na haki haikuwalazimu. Mwendesha mashtaka wa Mahakama Maalumu, David Crane, naye alikuwa ametangaza mwaka 2002 kwamba hatamshtaki mtoto yeyote, ingawa sheria ya mahakama ilimruhusu kumfikia mwenye miaka 15. Alitaka waliowatuma. Juni 2007 mahakama hiyo ikawa ya kwanza duniani kati ya mahakama za kimataifa kumtia mtu hatiani kwa kutumia watoto vitani. Nadhani Crane alitenda haki, na nadhani kijana aliyekatwa mkono na mtoto ana haki ya kuona bado haitoshi. Yote mawili yananikaa moyoni na siwezi kulifukuza moja.

Waliosahauliwa ni wasichana. Katika vituo vya kukusanya silaha, mara nyingi aliyepokelewa kwanza ni aliyeleta bunduki. Msichana aliyetekwa akafanywa mke wa kamanda, akapika, akabeba risasi, na hata kupigana, bunduki yake ilichukuliwa na mwanamume kabla hajafika langoni. Wengi walirudi vijijini kimya kimya na mtoto mgongoni. Kuna mahali wanawake wakubwa waliwapokea kwa kuwaogesha na kuwavalisha upya, na kuna mahali waliitwa wake za waasi mpaka wakahama.

Leo watoto wale wana miaka thelathini, arobaini na zaidi. Katika miji ya Bo, Kenema na Makeni wengi wao ndio walioanzisha pikipiki za abiria vita vilipokwisha, wakaunda vyama vyao, wakawabeba kila siku watu waliokuwa wakiwakimbia. Na wa namna yao wapo karibu na ninyi, katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, katika mitaa ya Nairobi na Kampala, vijana kutoka Kivu na Burundi ambao hamjui walipita wapi. Mkikaa na mmoja wao kijiweni au darasani, msimuulize aliua wangapi. Muulizeni anajua kazi gani. Kama hajui, mwonyesheni, na alipwe siku hiyohiyo, maana amezoea kuahidiwa. Akitaka wazee wa kwao wamwombee au wamwogeshe, mtafutieni wazee wa kwao. Akiwa ni msichana aliyekuja na mtoto, mtoto aandikishwe shule kwa jina la ukoo wa mama yake, na habari za baba asiziulize jirani yeyote, wala mwalimu.